Futikamba ya Wilkista

Alipima meli kwa futikamba ya fundi cherehani.
Inchi sitini, alama ya chaki, inchi sitini tena,
nami nimeshika ncha ya pili huku tezini,
magugu maji yamenifika magotini,
nikijiuliza ni gauni la nani hili.
"Futi mia moja sabini na nne," akasema,
"kasoro kidole." Akakiandika na kidole.

Wilkista Aloo, karani wa hati za mizigo,
miaka ishirini na sita katika bandari ya Kisumu:
pamba ya Homa Bay, kahawa ya Bukoba,
ng'ombe wawili wa padre, jeneza moja, tupu.
Alipostaafu walimpa saa ya ukutani.
Aliiuza Kibuye, akanunua brashi za waya,
mafuta ya taa, na madaftari kumi na mawili.

Adelina ililetwa kwa reli, vipande vipande,
kila bamba na nambari yake.
Nani aliyeiunga? Kitabu cha mishahara kinajibu:
Kuli 1. Kuli 2. Kuli 3.
Hivyo hivyo hadi Kuli 88.
Hapo ndipo alipokasirika, na hasira yake
ilikuwa ya kikarani:
haikuweza kuona nafasi iliyoachwa wazi.

Tulikwenda Seme, Nyakach, Yimbo,
tukafika hadi Bunyala.
Hakuuliza, "Mnaikumbuka meli?"
Aliuliza, "Nyumbani hapa, nani alikuwa kiziwi?"
Kwa maana ribiti hupigwa ingali nyekundu,
mmoja nje na nyundo,
mwenzake ndani ya tumbo la chuma ameikaza,
na wa ndani hakurudi na masikio yake.
Viziwi thelathini na mmoja tukawapata.
Kuli 12 ni Obura, aliyekuwa akicheka kabla ya wengine.
Kuli 40 ni Makokha, aliyeposa kwa ishara, akakubaliwa.
Kuli 77 mjukuu wake alituambia jina,
kisha akatuomba tulirudie,
kwa kuwa hajawahi kulisikia kinywani mwa mgeni.

Kengele tuliifuata hadi shule moja upande wa Ahero.
Inaning'inia kwenye boriti, jina limelika: ADEL.
Mimi na spana yangu tayari.
Mtoto akaja mbio, akaipiga,
watoto mia tatu wakamwagika uani.
Wilkista akairudisha spana mfukoni mwangu.
Daftarini aliandika: *Kengele. Iko kazini.*

Wa vyuma chakavu walikuja Februari na mitungi ya gesi.
Hakujilaza mbele yao. Aliomba karatasi,
akavaa miwani, akasoma hadi muhuri.
"Tani hizi si zake. Hii ni hati ya meli nyingine."
Wakaenda Nairobi kurekebisha.
Hawajarudi. Au hawajarudi bado.

Mwaka ziwa lilipopanda likaingia gatini,
likalowesha forodha, likapeleka viboko kwenye mipunga,
miguu yake ilikuwa imekwisha kumkana.
Nilimsukuma kwa mkokoteni wa maji,
kati ya madumu mawili, mwavuli juu.
Tukangoja. Magugu yakasogea.
Kisha mlio, si mkubwa,
kama wa mtu anayenyanyuka kitini mwenyewe,
na alama ya rangi tuliyopiga ubavuni
ikapanda juu ya maji kiasi cha kiganja.

Nilipiga kelele. Yeye aliomba kalamu.

*Saa nne na dakika kumi. Adelina imeachana na matope.
Iendako: haijulikani. Abiria: hakuna. Mizigo: hakuna.
Wafanyakazi:*

na hapo akaanza, polepole, kuanzia wa kwanza,
na kwa kila tusiyempata
aliacha mstari mzima, mweupe, upana wa mtu.

Wino ulimwishia kwa Makokha.
Kalamu nyingine ninayo mimi.