Ushahidi wa Fundi Kufuli

Naitwa Gellért Bakos, fundi kufuli wa Makó,
mji wa vitunguu; hata noti zetu hunuka vitunguu.
Miaka kumi na tisa nafungua milango ya watu
kwa amri ya watu wengine.
Dalali wa mahakama hupiga simu alfajiri,
hanitajii jina, hunitajia mtaa na namba,
nami hubeba kekee, tindo, na kitasa kipya
kingali ndani ya nailoni yake.

Leo nimeitwa mimi. Nimekula kiapo.

Kesi ni ya Piroska Vadas, mshona glavu,
mdaiwa wa faranga za Uswisi asizowahi kuzishika.
Alipokea forinti, benki ikaandika faranga,
na faranga ikapanda ngazi usiku, yeye kalala;
kulipokucha, deni limeipita nyumba kimo.
Kukopa harusi, kulipa matanga, sawa,
lakini harusi ililiwa Zürich,
matanga yakakaliwa Makó.

Nyumba ilinadiwa kwa kompyuta, Jumanne,
saa nne na dakika sita. Mnunuzi mmoja.
Bei ya gari lililochoka.

"Dawa ya deni, mheshimiwa, ni kulipa,"
anasema wakili wa benki, na kuketi, kana kwamba kamaliza.
Wakili wa Piroska, binti mwembamba,
koti lake la kuazima linamfika vidoleni,
haikatai dawa. Anauliza tu
mgonjwa aliambiwa lini kwamba anakatwa mguu.
Notisi ilibandikwa wapi? Nani aliiona?

Wote wananigeukia.

Nyuso sizikumbuki; nimejizoeza kutozitazama.
Milango naikumbuka yote.
Wa Piroska ni wa mwaloni, wa kijani,
rangi ya mafuta ya bei ya chini, ya tangu Pasaka,
ile ambayo joto likizidi inanata.
Ilinishika kidole gumba, nikaenda nacho kijani nyumbani.
Rangi kama hiyo ukiibandika kitu
huondoki bila kuondoka na ngozi yake.
Haikuwa na kovu.
Haikuwa na gundi, tundu la pini,
wala kipembe cha karatasi kilichosahauliwa na upepo.

Namba kumi na saba, ndiyo, palikuwa na karatasi,
imekunjamana, jua limeinywa wino,
jina la Piroska kwenye mlango wa nyumba
ambayo hukaa paka tu.

"Na siku ile, kwa nini hukusema?"

Hakuuliza wakili. Aliuliza hakimu,
taratibu, kalamu ameilaza.
Nikatazama mikono yangu.
Nalipwa kwa mlango, mheshimiwa.
Silipwi kwa kusoma.

Mwandishi wa mahakama akaandika na hilo pia.

Mnada ukabatilishwa siku ya kumi na moja.
Deni halikubatilishwa. Deni lipo,
limerudi kwenye foleni, linangoja karatasi yake
ibandikwe safari hii panapostahili.
Piroska hakushangilia. Aliuliza tu
nani atamfungulia, maana kitasa ni changu.

Nyumbani nina mikebe miwili ya vitasa vya zamani,
vile nilivyong'oa. Mke wangu husema ni vyuma chakavu.
Chake nilikipata chini kabisa, nikakipaka grisi,
nikakirudisha kwenye mwaloni, skrubu kwa skrubu.
Akasimama nyuma yangu na mkoba wake,
hakunishukuru, wala hakunilaani.
"Kiasi gani?" akauliza.
Nikajifanya sikusikia, nikazidi kukaza
skrubu iliyokwisha kukaza.

Leo alfajiri simu imelia.
Mtaa. Namba.
Nikamwuliza dalali: na jina?
Kimya, kisha akacheka, akadhani natania.

Nimefungasha kekee, tindo,
kitasa kipya ndani ya nailoni yake,
na miwani ya kusomea.