Mtu Aliyesimama

Tuliinunua Upshi, kwenye duka la betri na biskuti,
rupia kumi na tano, ikamiminwa katika kadi ndogo kama ukucha.
Mwenye duka akatuonya: picha si safi.
Baijal akamjibu: sisi nasi si safi, weka tu.

Tulikuwa tisa ndani ya kibanda cha bati, wajenga barabara,
juu kule Ladakh ambako hata sufuria hukawia kuivisha dengu,
wote watu wa Dumka, mikono ikinuka lami,
na simu moja, ya Sunaram, yenye ufa pembe hadi pembe,
tumeiegemeza kwenye kopo la maziwa ya unga.

Uso wa yule binti ulikuwa miraba sita, saba, ya rangi ya ngano.
Akicheka, miwili hung'aa.
Akilia, yote huyeyuka, kisha hutafutana upya.
Wekundu wa sari yake ulivuka mipaka
kama unga wa utosini mwa bi harusi aliyenyeshewa.
Sauti ilitangulia midomo kwa nusu pumzi:
tulisikia "usiende" kabla kinywa hakijafunguka.
Macho yake yalikuwaje? Hatukujua.
Kila mtu akampa macho aliyoyaacha kwao.
Mimi nilimpa ya Maino, la kushoto likiwa na kengeza kidogo,
nikanyamaza. Yapo mambo huwaambii wanaume wanane.

Filamu yenyewe ilikuwa ya wizi. Kuna aliyeingia ukumbini
na kamera kifuani, basi tukarithi na migongo ya waliolipa.
Mtoto akikohoa kuumeni.
Bisi zikitafunwa.
Na pale mama anapokata roho,
kiganja bado ki shavuni mwa mwanawe,
mtu wa safu ya mbele anasimama.
Mabega. Kichwa kikubwa.
Anauziba uso wa mama, anakiziba kifo chenyewe,
anakwenda polepole kuelekea mlangoni,
harudi.

Usiku kumi na mmoja tuliitazama,
na kusema kweli tulikuwa tukimngoja yeye.
"Sasa hivi," Sunaram hunong'ona, "sasa hivi," na huyoo, kainuka.
Baijal alishikilia kuwa ni haja ndogo.
Chotka, ambaye habari ya mamaye ilimfikia
majivu yamekwisha kupoa, akasema hapana,
haja ndogo haitembei hivyo.
Hatukumbishia. Mtu akaongeza kinyesi cha ng'ombe motoni.

Leo nina paa la zege na televisheni pana kama mlango.
Binti yangu Salge kaitafuta ile filamu, kaipata,
angavu kama maji ya chupa.
Nikaona vinyweleo mkononi mwa shujaa,
poda, mshono wa nywele za bandia,
chozi lililotuliwa mahali pake kwa uangalifu.
Na macho ya binti, kumbe, ni ya kijani!
Maino alikuwa kando yangu akimenya njegere,
hakujua alichopokonywa.

Mama akaanza kukata roho.
Hakuna aliyekohoa.
Nikangoja. Safu ya mbele haikuwepo,
mlango haukuwepo,
kifo kilikuwa peupe, kila mkunjo wa shuka ukihesabika.

"Baba," akasema Salge, "kaa, unaziba."