Mshika Ngazi

Baba alirudi kutoka Abisinia
na buti mbili, zote za mguu wa kushoto,
na ujuzi wa herufi kubwa:
huko alichora namba kwenye masanduku ya risasi
miaka mitatu, bila kujua kusoma.
Serikali ilimlipa blanketi na mkono wa kwaheri.
Blanketi aliliuza. Akanunua brashi.

Mimi nilikuwa mshika ngazi.
Kazi yenyewe ni hii: unakumbatia miguu miwili ya mbao,
unavitazama visigino vya baba yako,
wala huinui uso, rangi isikuingie machoni.
Mji wetu niliusoma baada ya yeye kushuka.

Duka la mkate la Mgiriki, karibu na stesheni:
BOULANGERIE, herufi kumi na moja,
buluu, na kivuli cheupe kama unga.
Alipomaliza, king'ora cha kiwanda kikalia saa sita,
tukazunguka ubavuni, kwenye kidirisha,
foleni yetu weusi ilikokuwa.
Mlango alioupamba ulikuwa wa wengine.
Tulikula tukitembea. Ulikuwa mkate mtamu, nisiseme uongo.

Halafu ikaja kura ya kwanza, ya mameya.
Wanaume wenye tai walijaa uani petu Kamalondo,
kila mmoja akitaka jina lake
limpite jirani yake kwa upana wa kidole.
Baba akawapimia wote kwa kamba moja.
Huko juu ya ngazi, jina kwa jina,
ndiko alikojifunza kusoma.

Depanda ilipofika, rangi nyekundu iliadimika sokoni.
Siku kumi na moja, kisha bendera nyingine:
misalaba mitatu ya shaba.
Akaichora kwenye milango ya malori yao,
akaichora vizuri,
kwa kuwa kuchora vibaya hakujui.

Usiku mmoja waliingia vijana watatu.
Walitaka alama kwenye milango ya Wakasai.
"Wewe, Kopolo, mitaa yote unaijua."
Baba akasema rangi imekwisha.
Makopo manne yalikuwa chini ya kitanda changu,
nililala juu yake nikinusa mafuta ya taa.

Asubuhi, mlango wa Mama Ngalula
aliyenishonea gauni la komunyo
ulikuwa na msalaba mwekundu.
Aliondoka na cherehani kichwani
kwenda kwenye mahema, wengine wakimfuata na magodoro.
Hakutugeukia. Labda cherehani ilikuwa nzito.

Baadaye mji wenyewe ukabadili jina.
"Elisabethville kumi na nne, Lubumbashi kumi,"
baba alihesabu kwa vidole, "herufi nne zimeliwa,"
na kweli malipo yakapungua.
Kisha wakaja kwenye majina ya watu.
Léonard akaifuta kwa petroli kwenye ubao wa ngazi,
ikabaki Kibawa peke yake, na doa.
Mgiriki akapewa siku chache za kufunga mizigo.
Duka likapewa ofisa, na ofisa akampa shemeji;
unga ukauzwa wote mwezi ule ule,
tukaitwa kuandika BAR.
Hawakutulipa mpaka leo.
Siku hiyo tuliingia kwa mlango wa mbele.
Ndani hamkuwa na kitu.

Amezikwa mwaka wa nne sasa. Ngazi ninayo mimi,
naanikia nguo.
Watu wakinikuta sokoni wanamsifu:
mkono wa mzee Kibawa haukutetemeka,
mstari wake ulikuwa kama uzi uliovutwa.
Naitikia asante, nachagua nyanya zangu.

Ule msalaba niliuona kwa karibu, kabla Mama Ngalula hajatoka.
Kingo zake zilikuwa zimenyooka.
Nimejiambia mara nyingi: usiku ule sikuitwa,
sikushika ngazi.

Lakini mlango hauhitaji ngazi.