Mcheza Kwao

Anfane Mdahoma, beki wa kushoto,
misimu kumi na minne, mechi mia mbili na kumi na moja,
mabao matatu.
Najua, maana mimi ndiye niliyehesabu,
kwa wino wa kijani, ndani ya daftari la hisabati
alilonunuliwa yeye, akaliacha tupu.

La kwanza alilifunga Gueugnon, mwezi wa Februari.
Nyasi zilikuwa zimeganda, kila hatua ililia
kama mtu anayekanyaga maganda ya mayai.
Watazamaji mia na tisini, mbwa wawili.
Mtangazaji alilipokea jina letu
kama mwanamume aliyeshikishwa mtoto mchanga wa watu:
Madoma. Madauma. Mwishowe akasema, "Namba tatu!"
Na namba tatu akakimbilia uzio, mikono wazi,
akamkuta mzee mmoja anakula soseji,
akamkumbatia huyo huyo.
Haradali ilibaki begani hadi filimbi ya mwisho.
Mama alipoifua ile jezi aliinusa mara mbili,
akauliza soseji ilikuwa ya nyama gani.

La pili lilimgonga kisogoni, likaingia.
Hilo halizungumzwi.

Daraja la nne, la tano, tena la nne, kisha la sita.
Kushuka daraja kule si msemo:
unashuka kweli, na basi linazidi kuwa dogo,
hoteli inageuka mkate wa jibini kando ya barabara kuu,
daktari wa misuli anageuka barafu ndani ya soksi.
Klabu moja ilimpa euro mia tisa na chumba juu ya tanuri la mikate.
Nyingine ilimpa kazi: kukata nyasi, Jumatatu hadi Ijumaa,
za uwanja ambao Jumamosi atauchimba kwa njumu.
Ya tatu ilifilisika Machi, mwenyekiti akazima simu,
na Anfane akarudi Marseille kwa treni ya usiku
na mipira miwili ndani ya begi.
Malimbikizo ya mshahara, alisema.

Kisha ule mwaka jina lake likawa kwenye orodha ya awali
ya timu ya taifa.
Mtaa wa Félix-Pyat ulijua kabla yake.
Mjomba Boinali alinunua bendera, ile ya nyota nne,
akaifunga kwenye kibaraza chake, ghorofa ya tisa.
Alhamisi, mazoezini, bila mtu kumgusa,
goti lilisema ta,
sauti ndogo, ya kifungo cha shati.
Bendera ilikaa pale miezi minane.
Mjomba alidai fundo limekaza.

"Mcheza kwao hutunzwa," bibi alisema kwenye simu, kutoka Ngazija.
Kule Gueugnon walimwita yule wa Marseille.
Marseille walimwita yule Mkomoro.
Na likizo alipokwenda Moroni, watu dukani
walimpisha mbele ya foleni, kwa heshima, kama mgeni.
Sikumjibu bibi. Niliacha salio liishe.

La tatu sikuliona. Nilikuwa zamu, Vitrolles, napanga vifurushi.
Akapiga:
Nimefunga!
Mmeshinda?
Tumelala, manne kwa moja.
Sasa unachekea nini?
Kipaza sauti kimesema Mdahoma. Mda-ho-ma. Hivyo hivyo.
Kumbe aliyeshika kipaza sauti
ni binti wa Bi Echati, wa ghorofa ya nne,
anayesomea uuguzi, na Jumamosi anajitolea.

Juni aliandika barua ya kuacha, mistari miwili.
Julai tulikuwa na harusi ya binamu,
ukumbi wa kukodi nyuma ya gereji, feni moja.
Fidla ilipoanza akainuka, goti na yote,
akacheza upande upande kama anayemziba winga,
na shangazi yetu Zaliha,
ambaye hajawahi kukanyaga uwanja wowote,
akaja polepole, akamwekea noti ya ishirini
kwenye paji la uso lililolowa jasho.
Ikanata.
Kisha mwingine. Kisha mjomba Boinali, bila kumtazama machoni.

Usiku ule nilitafuta kalamu ya kijani.
Mechi ya mia mbili na kumi na mbili, niliandika.
Nyumbani.