Mundu Butu

Mwezi wa saba, bondeni chini ya milima ya Karpati,
natembea mita mia moja, nageuka, narudi,
daftari limelowa jasho la kiganja.
Kazi yangu ni kuhesabu buluu.
Si ya mbingu. Ile inayoyumba juu ya nyasi,
ikatua kwenye ua la rangi ya divai
lisilozidi kifundo cha kidole,
ikakunja mbawa, na buluu ikapotea:
kwa nje ni kahawia tu, na mstari wa vidoa
kama nukta za mtu aliyeishiwa maneno.

Jumatatu, kumi na saba.
Jumanne, mvua.
Jumatano, wanne, na mmoja kanasa kwenye utando wa buibui;
sikujua nimwandike safu ipi.

Bartalis Gergő ananitazama kutoka uzioni,
mundu wake wa mpini mrefu begani,
jiwe la kunolea limechovywa maji ndani ya pembe, kiunoni.
"Wangapi leo?"
"Wanne."
"Ng'ombe wangu watatu," anasema. "Nao wanakula."

Mwaka wa kwanza nilimweleza, kwa Kihungari changu cha kuchechemea:
jike hutaga ndani ya ua hilo, halitaki jingine.
Kiwavi hula mbegu wiki tatu,
kisha jioni moja hujiachia,
huanguka chini kama tone,
hutulia.
Sisimizi mwekundu humkuta, humnusa,
humdhania mtoto wa nyumbani aliyepotea,
humbeba kwa meno hadi ndani.
Mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe;
huyu hukaa miezi kumi, na jembe haoni.
Gizani hula watoto wa mwenyeji, mmoja mmoja,
huku mwenyeji akimlamba mgongo.

Gergő alicheka mpaka akashika uzio.
"Namjua! Ni shemeji yangu Lőrinc."

Sikumaliza kumweleza siku ya kutoka:
alfajiri, mbawa zimekunjamana
kama barua iliyosahauliwa mfukoni,
harufu ya uongo imemwisha mwilini,
na akikawia kizingitini, wenyeji watamtambua.

Akishatoka, ana wiki moja. Hafiki mbali.
Bonde la pili kwake ni bara jingine,
na mabonde yenyewe yanapungua:
lile limepandwa misonobari,
lile mahindi,
lile lina majani mazuri mno, ya mbolea,
kijani kitupu, bila ua hata la kuazima.
Katika makumbusho ya mji niliosomea
yumo sandukuni, pini kifuani,
na kibandiko chenye jina la kijiji
ambacho leo ni maegesho ya magari.

Ofisi imeandika: msifyeke kabla ya katikati ya Septemba,
mayai yasije yakabebwa na majani makavu hadi zizini.
"Majani ya Septemba ni kuni," anasema Gergő.
"Ofisi ije iyatafune."
Fidia ya mwaka juzi alilipwa nusu.
Hilo nalo sina safu ya kuliandika.

Mwanzoni mwa mwezi wa nane, saa kumi na moja alfajiri,
nikasikia mundu ukipumua: shwaa, kimya, shwaa.
Nikajifunika shuka hadi kichwani, kama mtoto.

Nilipofika, konde lilikuwa limelala mistari mistari,
linanukia utamu ule wa kitu kilichokatwa.
Ila kando ya kijito, maua yalikosongamana,
kipande kimesimama,
upana wa vitanda viwili, urefu hadi kwenye mlumbi wa mawe.

"Mundu ulikuwa butu," akasema, nami sijauliza.
Kisha akageuza uso, akaendelea kuunoa
mundu ambao ungeweza kunyoa ndevu za kuhani.

Ndani ya kipande kile, kwenye ua la tatu,
jike amepinda tumbo, anataga,
hana habari na yeyote.

Ijumaa, mmoja.