Muhuri

Karani Tusekile, Kisutu, chumba namba sita,
anaupulizia muhuri; wino umekauka tangu Jumatatu.
Nje, mama muuza karanga anamsumbua askari:
mwanangu analetwa leo?

Mlimani walimfundisha
mfalme Yohana hakutia saini.
Kando ya mto, mabwana wa mapanga wamemzunguka,
nta ilining'inizwa kwenye ngozi ya kondoo:
mtu huru hafungwi ila kwa sheria.
Huru! Waliomchunga yule kondoo
hawakuwemo.
Zikapita karne za ubishi,
vikao vya watu waliogoma kulipa kodi
kabla hawajaulizwa,
ndipo neno likawafikia wenye majembe.

Likavuka hadi kwetu limevaa singa za farasi,
likatuhukumu kwanza.
Kututetea, baadaye. Siku nyingine.

Hilo Tusekile analijua.
Hata hivyo hati ya hakimu iko mezani:
mahabusu aletwe, mwili wake, saa nane.
Anabonyeza kwa uzito wa bega.
Unatoka nusu: MAHAKA,
nembo haipo.

"Hii inatosha?" askari anauliza.
"Hata nta hupasuka," anasema. "Mlete."