Duka la Mbao Nyepesi

Kachoma, Tabora. Siku ya tatu Nyanzala
anauzeesha ukuta alioujenga juzi:
chai ya rangi, vumbi la tofali,
kiganja chake mwenyewe pale
wateja wa miaka ya sitini wangeegemea.

Mizani. Kibatari. Debe la asali
ambalo ni maji na sukari guru.
Nyuma ya mlango hakuna chumba,
ni miti miwili ya egemeo, na jua.

Saa kumi akaja mtoto na sarafu:
"Mama kasema chumvi ya mia mbili."

Mwongozaji akacheka.
Nyanzala akavuka barabara, akanunua chumvi,
akarudi, akazungukia kaunta,
akampimia.

Kwenye filamu duka lina sekunde nne.
Jina lake hupanda watu wakitafuta kandambili.
Chembe zimo, ukitazama,
kwenye sahani ya mizani.